Hiana ya Bi Mwalimu

Sisi tuliosoma kwake tulimwita Bi Mwalimu, na watu wazima wa mtaa nao walimwita hivyohivyo, hata wale waliomzidi umri. Jina alilopewa na wazee wake sitalitaja. Wapo watu walio hai ambao jina hilo bado linawachoma, na mimi sikukaa kuandika ili nimchome mtu. Nimeandika kwa sababu nimezaa, nimezika, nimeona mengi ya dunia, lakini sijaona jambo lililonishtua kama lile lililotokea nyumbani kwake siku ya arusi ya Zuhura.

Chuo chake kilikuwa ukumbini mwa nyumba yake, Bagamoyo, mtaa wa Dunda. Nyumba ya udongo, mbele imepakwa chokaa, nyuma imeachwa kama ilivyo. Alifundisha wasichana Kurani, miaka ile ya kabla ya vita vya pili vya Wazungu. Tulikaa mkekani, mbao zetu magotini, tukisoma huku tunayumba, naye ameketi juu ya kigoda karibu na mlango wa uani ili aweze kuangalia wanafunzi na chungu kwa pamoja. Alikuwa mrefu, mwembamba, na sauti yake ilikuwa nzito kuliko ya wanawake wengi. Ukikosea herufi hakukupiga. Alikohoa kidogo tu, nawe ukajua urudi nyuma.

Watu walimwamini kupita kiasi. Mwanamke akisafiri kwenda Unguja, au akienda shamba Makurunge msimu mzima, humpelekea Bi Mwalimu vitu vyake amwekee. Chumba chake cha ndani kilijaa amana za watu: masanduku, vikuku vya fedha, marinda ya arusi, mkoba wa dawa wa mganga mmoja aliyekwenda kwao asirudi tena. Kila kitu kimefungwa kitambaa na fundo la namna yake, na mafundo yale aliyajua kwa mkono kama sisi tulivyojua alifu na bee.

Kisa kilichopendwa sana mtaani kilikuwa cha kuku. Jirani yetu mmoja alimwachia tetea, akaenda kumuuguza ndugu yake. Aliporudi, Bi Mwalimu akamkabidhi tetea, vifaranga, na kifurushi cha jani la mgomba. Jirani akafungua kile kifurushi akakuta manyoya na kijiguu kimoja kikavu.

"Hiki nini tena, Bi Mwalimu?"

"Kifaranga kimoja kimechukuliwa na mwewe. Hicho ndicho kilichobaki. Nimekuwekea usije ukadhani nimekila."

Jirani alicheka mpaka akakaa chini. Bi Mwalimu hakucheka. Hakuona lililochekesha.

Siku nyingine mwenzetu mmoja aliazima kitana cha rafiki yake, na alipodaiwa akakana kwamba hakukichukua. Kitana kikaonekana ndani ya khanga yake aliposimama kusali. Tukaanza kumzomea: "Mwizi! Mwizi!" Bi Mwalimu akakohoa, tukanyamaza.

"Huyu si mwizi," alisema. "Mwizi huchukua kwa mtu asiyemwamini. Huyu kapewa kwa mkono, na kwa moyo mweupe. Hiyo ni hiana."

Mmoja wetu, aliyekuwa na ulimi mwepesi, akasema, "Lakini Bi Mwalimu, hiana si uchoyo? Bibi yangu akinyimwa tumbaku husema, 'Fulani ana hiana.'"

"Bibi yako hakosei, ila amelishika neno kwa mkia. Kichwa chake ni khiyana, neno la Kiarabu. Ni kumvunjia mtu amana yake. Na amana na imani zimetoka tumbo moja, ndiyo maana anayevunja moja huwa kaigusa na ya pili. Neno limevuka bahari likafika kwetu, sisi tukalipunguza makali, tukalifanya la tumbaku." Akatazama mlangoni. "Lakini watu wa pwani hawakulifanya hivyo bure. Walijua kwamba amana mara nyingi haivunjwi kwa kuchukua. Huvunjwa kwa kuzuia. Kitu kimekuja mkononi mwako kwa haki, halafu siku ya kukirudisha, mkono unakataa kufunguka."

Tulikuwa watoto. Tuliyakariri maneno hayo kama tulivyokariri kila kitu, bila kuuliza ameyatoa wapi.

Zuhura alikuwa mwanawe wa pekee. Tulilingana naye umri, tukahitimu pamoja, tukacheza pamoja. Mumewe Bi Mwalimu, marehemu Athumani, alikuwa amefanya biashara ya chumvi na samaki wakavu kule Saadani, na huko ndiko walikokaa kabla ya kuhamia Bagamoyo. Zuhura alikuwa bado mdogo baba yake alipofariki. Mama yake alimpenda mapenzi ambayo hata sisi watoto tuliyaona yamezidi. Alimbeba mgongoni mpaka miguu ya mtoto inakaribia kuburura. Alimsuka mwenyewe, hakukubali mkono wa mtu mwingine uguse kichwa kile. Zuhura akipata homa ndogo, chuo hufungwa.

Na alikuwa na mambo yake ambayo hatukuyaelewa. Aliyetufundisha kwamba mbele ya Mungu hakuna mngwana wala mshenzi, ndiye aliyekuwa akiingia ndani haraka kila walipopita watu wa bara kuuza mahindi na ukwaju, hasa wakiwa wametoka Miono. Alimvuta Zuhura kwa mkono, akafunga mlango, akatuma mmoja wetu aende kuwaambia kwamba hapa hawanunui. Mama yangu alisema ni majivuno. "Kisomo kimempanda kichwani," alisema. Mimi niliona aibu kwa niaba yake, maana wauzaji wale walikuwa watu wa adabu, wakituita "wanangu" hata tulipowafukuza.

Tulipokua, posa zikaanza kuja. Sote tukaolewa, Zuhura akabaki. Alikuja mtoto wa sheikh, akakataliwa. Alikuja mfanyabiashara wa Kimanga, mwenye duka la nguo, akakataliwa. Wanawake kisimani wakasema waziwazi: "Bi Mwalimu ana hiana na mwanawe." Siku moja neno hilo likamfikia sikioni, nami nilikuwapo. Nilitegemea atalisahihisha kama alivyozoea. Aliinama akainua mtungi wake, maji yakamwagika begani, akaenda zake.

Mwisho Zuhura mwenyewe ndiye aliyesema basi. Kulikuwa na kijana mmoja, fundi cherehani, mpole, mwenye kigugumizi kidogo, wakapendana. Zuhura akamwambia mama yake, "Ukimkataa na huyu, sitakula." Akafanya alivyosema mpaka midomo ikamkauka. Bi Mwalimu akakubali. Vita vilikuwa vimekwisha wakati huo, nguo zimeanza kuonekana tena madukani.

Basi siku ya arusi ikafika. Nikah ilikuwa baada ya sala ya alasiri. Wanaume walikuwa barazani, pamoja na ndugu wa marehemu Athumani, aliyetoka mbali aje asimame walii badala ya baba. Sisi wanawake tulijaa ndani na uani. Pilau iko jikoni, ngoma inalia, Zuhura amekaa kitandani amefunikwa khanga mpya, hina imemkolea mpaka kwenye nyayo. Mimi nilikaa ubavuni mwake nikimpepea.

Sheikh akaja mlangoni mwa chumba na mashahidi wake, kama ilivyo desturi, kumwomba bibi arusi idhini yake. Pazia liko katikati. Ngoma ikanyamazishwa.

"Zuhura binti Athumani," sheikh aliita, "je, umeridhia..."

"Siye," alisema Bi Mwalimu.

Alikuwa amesimama karibu na pazia, mkono mmoja umeshika mwimo wa mlango. Tulidhani hatukusikia vizuri.

"Bi Mwalimu," sheikh akasema kwa upole, "nasema Zuhura binti Athumani."

"Nimesikia, sheikh. Hakuna binti Athumani humu ndani. Mume wangu hakumzaa mtoto huyu, wala mimi sikumzaa. Mimi nimemnyonyesha tu. Baba yake yuko Miono, yu hai, anaitwa Kondo. Ukifunga nikah hii kwa walii huyo aliyeko barazani, umefunga batili, nao watazini mpaka kufa kwao."

Pazia likatikisika. Sheikh alikuwa amelishika kwa nje. Nakumbuka mwanamke mmoja alikuwa ameanza kupiga kigelegele akidhani idhini imetoka, akakikatiza katikati.

Zuhura akafunua khanga usoni. "Mama, unasema nini?"

Bi Mwalimu akageuka. Aliongea kwa sauti ileile ya chuoni, nzito, haitetemeki, na hilo ndilo lililonitisha zaidi.

"Mwanangu wa kuzaa alikufa Saadani, hajafikisha mwezi. Maziwa yakabaki yananiuma. Akaja mwanamke wa Miono, mgonjwa, kifua kimekauka, amebeba kichanga kinachokufa kwa njaa. Akasema, 'Dada, ninyonyeshee huyu mpaka aache ziwa, nitakuja kumchukua.' Nikampokea. Ukapona. Ukaninenepea mikononi. Mama yako alipopona akaja kukuchukua, nami nikiwa nimepata habari kwamba yuko njiani. Nikakutanguliza huku Bagamoyo kwa dada yangu. Nikamwambia umekufa."

"Akaamini?" Aliyeuliza ni Zuhura, na sauti ilikuwa ya mtoto mdogo.

"Nilimpeleka makaburini. Nikamwonyesha kaburi la mwanangu, nikamwambia ni lako."

Kipepeo nilichokuwa nikimpepea nacho kilianguka. Nilihisi harufu ya kuungua. Ilikuwa pilau, wapishi wote walikuwa wamekuja kusimama dirishani, hakuna aliyekumbuka moto.

Kisha Bi Mwalimu akatutazama sisi, waliokuwa wanafunzi wake, mmoja mmoja. "Ndiyo hiyo, wanangu," akasema. "Ndiyo hiana niliyokuwa nikiwafundisha. Nilikuwa nayo humu ndani, ndiyo maana niliijua vizuri."

Zuhura hakulia. Alijifunika tena khanga, akageukia ukutani. Kule nje bwana arusi alikuwa akijaribu kuuliza limetokea nini, na kwa kile kigugumizi chake neno halikutoka, na watu walimwacha akihangaika nalo.

Sheikh alituma mtu Miono. Siku chache baadaye wakaja. Baba, mzee Kondo, alikuwa mtu wa makamo, mkulima, mikono kama mizizi, hakujua atazame wapi katika mitaa ya mji. Mama alikuwa mwanamke mdogo wa umbo, amevaa kaniki. Wakaletwa palepale nyumbani kwa Bi Mwalimu, kwa sababu Zuhura alikuwa bado amejifungia chumbani, hataki kutoka wala kula.

Mama yule alipoingia, Bi Mwalimu alikuwa amekaa chini ukumbini, kichwa wazi. Wakatazamana. Mimi na mama yangu tulikuwapo, na sheikh mlangoni. Nilitarajia kilio au laana. Nilitarajia hata kofi.

Mama wa Miono akakaa mbele yake, magoti karibu yagusane.

"Dada," alisema, maana hakuwa na jina jingine la kumwita, "kaburi lile ni la nani?"

"La mwanangu."

"Wa kike?"

"Wa kiume."

Yule mama akatikisa kichwa polepole. "Mimi nalipalilia kaburi lile kila mwaka. Mavuno yakiisha nateremka Saadani, napalilia, nasoma kile kidogo nikijuacho, narudi. Na mwaka huu nilikwenda." Akashusha pumzi. "Nilikuwa namwita Zuhura. Kumbe ni mvulana."

Bi Mwalimu, ambaye siku ya arusi hakutetemeka, akatoa sauti ambayo sijaisikia tena kwa binadamu. Kumbe yeye, tangu ahame Saadani, hakuwahi kurudi hata mara moja. Kaburi la mwanawe alikuwa amelitoa pamoja na ule uongo, akaogopa kulisogelea. Na miaka yote ile, aliyekuwa akimwangalia mwanawe ni mwanamke ambaye yeye alimnyang'anya wake. Aliinamisha paji la uso sakafuni, akalia mpaka mama yangu akamwinua.

Mama wa Miono hakumgusa. Hakumsamehe, wala hakumtukana. Aliinuka akaenda kwenye mlango wa chumba, akaita, "Zuhura. Mimi nimekuja. Nilichelewa kuambiwa."

Kisha kitasa kikasikika.

Sheikh alimwambia mzee Kondo kwamba akitaka nikah inaweza kufungwa siku hiyohiyo, maana walii amepatikana, na baba wa maziwa hana uwalii. Mzee akafikiri. "Sheikh," akasema, "mnaniambia nimwoze binti ambaye sijapata kumlisha hata tonge. Mwacheni ale mahindi yangu kwanza. Kijana kama anamtaka atangoja." Kijana akangoja. Zuhura akaenda Miono, na nikah ikafungwa huko baada ya mavuno. Nilikwenda. Bi Mwalimu hakualikwa.

Mjini watu waligawanyika. Wapo waliosema bora angenyamaza, kwani nani angejua? Wengine walisema watu wa Saadani walijua wazi, ila hakuna aliyewauliza. Mama yangu alisema mwanamke aliyeweza kukaa na uongo ule miaka yote hiyo, hata swala zake sijui zilikuwa zinakwenda wapi. Chuo kilikufa siku ileile. Na wanawake wenye amana zao wakaja kuzichukua, wengine wamekuja na waume zao kama wanaokwenda kwenye ugomvi. Bi Mwalimu alikaa mlangoni akawakabidhi kimoja kimoja. Walifungua mafundo palepale mbele yake, bila haya, wakakagua. Kila kitu kilikuwapo. Hakikupungua hata uzi. Mkoba wa mganga, ambao hakuna aliyeuulizia, aliupeleka kwa sheikh.

Hilo limenishinda mpaka leo. Ningekuta amekula vikuku vya watu, ningemwelewa. Ningesema ni mwongo, basi. Lakini mikono ileile iliyomwekea jirani kijiguu cha kifaranga ndiyo iliyomwonyesha mama wa watu kaburi lisilo lake.

Tulisikia amehama, hatukuambiwa alikokwenda. Miaka ikapita. Mimi nilikuwa nimeshazaa watoto wangu wakubwa, na wa mwisho yuko mgongoni, nilipokwenda Saadani kwenye msiba wa ukweni. Nikaambiwa yupo, anakaa kibanda cha mwisho upande wa mabwawa ya chumvi. Nilikaa siku nzima nikijiuliza niende au nisiende. Kesho yake nikaenda.

"Hodi."

"Karibu."

"Shikamoo, Bi Mwalimu."

"Marahaba, mwanangu." Akanitazama. Macho yalikuwa yameingia ukungu, lakini alinijua kwa sauti, akataja jina langu na la mama yangu. Alikuwa amekonda zaidi, mgongo umepinda. Akanitandikia mkeka.

Tuliongea ya msiba. Kisha akauliza, "Una habari zake?"

"Ninazo. Hajambo. Amejifungua mtoto wa kike."

"Kampa jina gani?"

Nikakaza mbeleko ya mtoto. "La mama yake. Wa Miono."

"Ndivyo," akasema. "Ndivyo inavyotakiwa."

Nikaona bora niulize sasa, kwani sitapata siku nyingine. "Bi Mwalimu, uliwezaje?"

Hakukasirika. "Sikuamka siku moja nikasema nitamwibia mtu mtoto," alisema. "Nilisema nikae naye mpaka aote meno. Akaota. Nikasema mpaka asimame dede. Akasimama. Mama yake alipokuwa njiani nikasema, nipate siku moja zaidi. Ukishamwambia mtu mtoto wake amekufa, mwanangu, unarudije kumwambia amefufuka?"

"Na kwa nini ukasema siku ile, mbele za watu?"

"Nilidhani nitaweza kunyamaza. Nilikuwa nimejiandaa kunyamaza. Halafu nikasikia jina la mume wangu linaitwa pale, kwa kiapo, na yeye yuko kaburini hawezi kukana." Akafuta mdomo kwa ncha ya khanga. "Dhambi yangu nilikuwa nimeizoea. Sikutaka aibebe na Zuhura, kitandani kwake, kwa watoto wake."

Adhana ya adhuhuri ikasikika kijijini. Nikainuka nitie udhu. Kisima kilikuwa nyuma ya kibanda, hatua chache tu. Mwanangu alikuwa amelala mgongoni. Nikafungua mbeleko, nikamshusha, nikamnyooshea Bi Mwalimu ampokee, bila kufikiri, kama ambavyo mtu yeyote angemfanyia bibi yeyote.

Akarudisha mikono yake ndani ya khanga.

"Usiniachie," alisema.

"Naenda kisimani tu, Bi Mwalimu. Hapo nyuma."

"Hata kisimani. Nenda naye."

"Amelala, hatakusumbua."

"Mwanangu," alisema, na sauti ile nzito ilikuwa imebaki nyembamba kama uzi, "nakuomba. Nenda naye."

Nikamrudisha mtoto mgongoni, nikafunga mbeleko. Ni vigumu kuteka maji na mtoto mgongoni. Ndoo ilinigonga mara mbili, maji yakanimwagikia miguuni, mtoto akaamka akaanza kulia. Niliporudi nilimkuta Bi Mwalimu amekaa palepale, mikono bado ndani ya khanga, uso ameuelekeza ukutani, na hakugeuka mpaka kilio cha mtoto kiliponyamaza.